Mkuu wa Dola na Ardhi ya Laini Saba

Yako maneno mawili ambayo watu wengi huyatumia kana kwamba ni neno moja, nayo ni dola na serikali. Mwanafunzi wa historia yampasa ayatenge. Dola ni nchi yenyewe pamoja na watu wake, mipaka yake na sheria zake. Nayo hudumu vizazi na vizazi. Serikali ni watu waliopewa kazi ya kuiendesha dola kwa muda. Nao huja na kuondoka. Mtu ambaye kwa jina lake sheria hutangazwa, majaji huapishwa na majeshi huamriwa, huitwa Mkuu wa Dola. Mtu anayeamua mambo ya kila siku, kama vile kodi, barabara, shule na hospitali, huitwa Mkuu wa Serikali. Katika nchi nyingine kazi hizo mbili hushikwa na watu wawili. Katika nchi nyingine hushikwa na mtu mmoja.

Pengine utasema, msomaji, kwamba hayo ni mambo ya majumba makubwa, wala hayamhusu mtu anayeishi katika chumba cha udongo na mabati. Insha hii yataka kukuonyesha kuwa yanamhusu sana. Mfano wetu utakuwa Laini Saba, kimoja katika vijiji vya Kibera mjini Nairobi. Hapana kasri pale wala kiti cha enzi. Hata hivyo, kwa muda wa zaidi ya miaka mia moja, swali la nani ni Mkuu wa Dola na ana uwezo gani limekuwa pia swali la nani aweza kulala pale usiku bila ya hofu ya kufukuzwa asubuhi.

Tuanze na Uingereza, maana ndiko ulikotoka mtindo wa utawala ulioletwa kwetu. Zamani mfalme wa Uingereza alikuwa mkuu wa dola na wa serikali pia. Alitoza kodi, alipigana vita, na aliwatia watu gerezani apendavyo. Raia wake walipigana naye, na mwaka 1649 wakamkata kichwa Mfalme Charles wa Kwanza. Mwaka 1689 Bunge lilitunga sheria ya kumkataza mfalme asitoze kodi wala asiiondoe sheria bila ya idhini yake. Kidogo kidogo kazi ya kutawala ikapita mikononi mwa mawaziri waliotegemea kura za Bunge, na mfalme akabakiwa na heshima. Mwaka 1867 mwandishi Walter Bagehot alieleza kwamba haki za mfalme zilizosalia ni tatu: kuombwa shauri, kuwatia mawaziri moyo, na kuwaonya. Hakubakiwa na haki ya kuamuru. Hivyo Mwingereza aliposema kwamba jambo fulani limefanywa na Taji, alijua kuwa limefanywa na mawaziri, na kwamba mawaziri hao aweza kuwaondoa kwa kura.

Lakini Taji lililofika Afrika Mashariki halikuwa na tabia hiyo. Nchi yetu ilitangazwa kuwa himaya ya Uingereza mwaka 1895, ikafanywa koloni mwaka 1920. Jina la mfalme lilikuwa lile lile, na sura katika sarafu ilikuwa ile ile; ila hapakuwa na mtu aliyechaguliwa na Mwafrika wa kusimama baina yake na Taji. Aliyesimama pale alikuwa Gavana, naye aliteuliwa London. Mwafrika wa kwanza kuingia katika Baraza la Kutunga Sheria, Eliud Mathu, aliingia mwaka 1944 kwa kuteuliwa. Waafrika wa kwanza waliochaguliwa kwa kura waliingia mwaka 1957. Basi kwa zaidi ya nusu karne neno ambalo kwa Mwingereza lilikuwa kivuli, kwetu lilikuwa mwili wenye mikono.

Mikono hiyo ilishika ardhi kwanza. Sheria ya Ardhi ya Taji ilitungwa mwaka 1902, ikafuatwa na nyingine kali zaidi mwaka 1915, ambayo iliihesabu hata ardhi iliyokaliwa na makabila kuwa ni ya Taji. Mwaka 1921, katika kesi ya Isaka Wainaina, Jaji Mkuu Barth aliamua kwamba Waafrika waliokaa katika ardhi hiyo walikuwa wapangaji tu wa Taji, na mwenye ardhi aweza kuwaondoa atakapo. Fikiri maana ya neno hilo. Mtu aliyezikwa babu yake mahali, na babu wa babu yake, aliambiwa siku moja kuwa yeye ni mpangaji wa mfalme ambaye hajapata kumwona.

Sasa twaweza kurejea Kibera. Katika mwaka 1891 Kapteni Lugard, aliyekuwa akiitumikia kampuni ya Kiingereza, aliwaandika kazi askari wa Kisudani waliokuwa wameachwa karibu na Ziwa Albert baada ya Emin Pasha kuondoka. Askari hao na watoto wao ndio waliokuja kuitwa Wanubi. Mwaka 1902 lilipoundwa jeshi la King's African Rifles, ambalo wenyeji waliliita Keya, Wanubi walikuwa miongoni mwa askari wake wa mwanzo. Walipigana kwa jina la mfalme katika vita vya 1914 hadi 1918, na wana wao wakapigana tena katika vita vya 1939 hadi 1945.

Tangu mwaka 1904 sehemu ya msitu ulio kusini-magharibi mwa Nairobi ilitengwa kwa ajili ya jeshi. Wanubi waliiita Kibra, maana yake msitu. Askari waliomaliza kazi walipewa vyeti vya kukaa na kulima mahali hapo, na mwaka 1918 eneo la zaidi ya eka 4,000 likatangazwa rasmi kuwa ardhi ya jeshi. Angalia kwa makini jambo walilopewa. Hawakupewa hati ya kumiliki. Walipewa ruhusa ya kukaa. Waliolipwa walikuwa wameutoa ujana wao na damu yao, na malipo yenyewe yalikuwa kibali ambacho mwenye kutoa aweza kukitwaa.

Mwaka 1928 jeshi liliikabidhi Kibera kwa watawala wa kiraia, na mara watawala hao wakaanza kuuliza: watu hawa wapo hapa kwa haki gani? Tume ya Ardhi iliyoongozwa na Jaji Morris Carter ililitazama neno hilo, na katika taarifa yake ya mwaka 1934 ikawaweka Wanubi katika hali ile ile ya upangaji wa Taji. Iliongeza kwamba Serikali ina wajibu kwa askari hao wa zamani, ama iwarudishe kwao, ama iwatafutie mahali pa kukaa. Wajibu ni neno zuri. Lakini wahenga wetu walisema, mali bila daftari hupotea bila habari, na wajibu usioandikwa katika hati ya ardhi haumzuii mtu kubomolewa nyumba.

Miaka ya mwisho ya ukoloni ina mambo ya ajabu. Tarehe 6 Februari 1952 Mfalme George wa Sita alifariki Uingereza, na binti yake Elizabeth, aliyekuwa safarini Kenya katika nchi ya Nyeri, akawa Malkia akiwa katika ardhi yetu. Mwezi wa Oktoba mwaka huo huo Gavana Evelyn Baring alitangaza hali ya hatari, na Jomo Kenyatta akakamatwa. Aliachiliwa mwaka 1961. Tarehe 12 Desemba 1963 Kenya ilipopata uhuru, mtu aliyefungwa kwa jina la Taji alikuwa Waziri Mkuu, na Mkuu wa Dola alikuwa Malkia Elizabeth yule yule. Hapa Nairobi aliwakilishwa na Gavana Mkuu, Malcolm MacDonald. Kwa mwaka mmoja mzima, basi, Kenya huru ilikuwa na vichwa viwili: kimoja cha heshima, kingine cha kazi.

Tarehe 12 Desemba 1964 Kenya ikawa jamhuri, na vichwa hivyo vikaunganishwa. Kenyatta akawa Rais, Mkuu wa Dola na Mkuu wa Serikali kwa pamoja. Tanganyika ilikuwa imetangulia kwa njia hiyo hiyo mwaka 1962, chini ya Julius Nyerere. Walioutetea mpango huo walikuwa na hoja yenye uzito. Walisema kwamba nchi changa yenye makabila mengi yahitaji sauti moja, na kwamba watu hawawezi kumwelewa mkuu asiyeweza kuamua lolote.

Jambo lililotokea kwa jirani zetu wa Uganda laonekana kuwaunga mkono. Mwaka 1963 Waganda walimweka Kabaka Mutesa wa Pili wa Buganda kuwa Rais wa nchi nzima, mwenye heshima zaidi kuliko madaraka, na Milton Obote akabaki Waziri Mkuu mwenye serikali. Mwaka 1964 kura ya maoni iliamua kwamba wilaya mbili zilizokuwa chini ya Buganda zirudishwe Bunyoro. Rais wa Uganda alitakiwa aweke sahihi yake, lakini Rais huyo alikuwa pia Kabaka aliyepoteza wilaya hizo, akakataa. Mtu mmoja alikuwa amevaa kofia mbili, na kila kofia ilidai kiapo chake. Mwaka 1966 Obote aliiweka kando katiba, akajifanya Rais, na tarehe 24 Mei majeshi yakaishambulia ikulu ya Kabaka huko Mengo. Mutesa alikimbia, akafariki London mwaka 1969. Mwaka 1967 falme zote za Uganda zilifutwa, zisirudishwe hadi mwaka 1993, tena kwa mambo ya mila tu.

Kwa hiyo kuwa na vichwa viwili kuna hatari yake. Lakini je, kuwa na kimoja hakuna hatari? Hapo ndipo Laini Saba yatupa jibu ambalo mjini Kampala hatukulipata.

Uhuru ulipokuja, ardhi ya Taji ilibadilishwa jina ikaitwa ardhi ya Serikali. Sheria ya mwaka 1915 haikutupwa. Ilibaki, ikaitwa Sheria ya Ardhi za Serikali. Na mahali palipoandikwa kuwa Gavana aweza kuigawa ardhi isiyo na hati, pakasomeka kuwa Rais aweza kuigawa. Neno moja lilifutwa na neno jingine likaandikwa. Kalamu ilibaki ile ile, yenye wino ule ule, ikabadilika mkono tu. Gavana aliitumia kwa niaba ya mfalme aliye mbali. Rais aliitumia kwa niaba ya wananchi walio karibu. Tofauti hiyo ni kubwa kwa heshima ya nchi. Lakini mtu wa Kibera, ambaye hakuwa na hati jana, hakuwa na hati leo.

Watu wakaongezeka. Walitoka sehemu nyingi za nchi kutafuta kazi mjini, wakapanga vyumba katika Kibera. Laini Saba ikawa kijiji cha wapangaji, na wenye nyumba wenyewe walikuwa wamejenga juu ya ardhi isiyo yao. Ruhusa ya kujenga ilitoka wapi? Ilishuka kwa ngazi. Juu kabisa alikuwa Rais. Chini yake Mkuu wa Mkoa, kisha Mkuu wa Wilaya, kisha mkuu wa tarafa, kisha chifu, kisha naibu wa chifu. Ngazi hiyo ilijengwa wakati wa ukoloni, nayo ilikabidhiwa ikiwa nzima. Mtu aliyetaka kuongeza chumba, au hata kutengeneza paa linalovuja, alikwenda kwa chifu. Chifu hakuchaguliwa na watu wa Laini Saba, wala hawakuweza kumwondoa. Ruhusa yake mara nyingi ilikuwa ya mdomo, na neno la mdomo halina shahidi siku ya kesi. Hivyo enzi ya Mkuu wa Dola ilifika hata mlangoni pa mjane auzaye mboga, ila haki yake haikufika naye pamoja.

Wala Kibera haikuwa peke yake. Mwaka 2003 Rais Mwai Kibaki aliunda tume ya kuchunguza ugawaji wa ardhi ya umma, chini ya wakili Paul Ndung'u. Taarifa yake ya mwaka 2004 ilionyesha kuwa katika miaka mingi ardhi ya umma iligawiwa kinyume cha sheria, ikatolewa kama zawadi za siasa. Kalamu isiyo na msimamizi huandika apendayo mwenye kuishika.

Mwisho wa mwaka 2007 swali la Mkuu wa Dola lilifika Kibera kwa namna ya kutisha. Wagombea wakubwa wa urais walikuwa Kibaki na Raila Odinga, ambaye alikuwa mbunge wa Lang'ata, jimbo lililoichukua Kibera yote pamoja na Laini Saba. Matokeo yalipotangazwa, yakapingwa. Majirani waliochota maji katika mfereji mmoja waligeuka maadui, nyumba na maduka yakachomwa, na reli iendayo Kisumu iking'olewa pale inapopita Kibera. Katika nchi nzima walikufa watu zaidi ya 1,000. Wapiganapo fahali wawili, ziumiazo ni nyasi. Jiulize, msomaji, kwa nini watu maskini wapigane hivyo kwa ajili ya kiti cha mtu mmoja. Sababu ni nyingi, lakini mojawapo ni hii: nchi ambayo ardhi, kazi na usalama vyote vyatoka katika kiti kimoja, watu wake hukiona kiti hicho kuwa ni uhai wao, na kukikosa kuwa ni kifo.

Tarehe 28 Februari 2008, kwa usuluhishi wa Kofi Annan, viongozi hao wawili walitia sahihi mapatano. Cheo cha Waziri Mkuu, kilichokuwa kimefutwa mwaka 1964, kilirudishwa, na mbunge wa Laini Saba akakishika hadi mwaka 2013. Kenya ikawa tena na vichwa viwili, safari hii ili kuzima moto.

Wakenya hawakuona kuwa hiyo ndiyo dawa ya kudumu. Katiba iliyotangazwa tarehe 27 Agosti 2010 ilirudisha kazi zote mbili kwa Rais, ikamwita pia ishara ya umoja wa taifa. Lakini iliizungushia kalamu yake ua. Ilisema mwanzoni kabisa kwamba enzi yote ni ya wananchi. Iliunda Tume ya Kitaifa ya Ardhi isimamie ardhi ya umma, na mwaka 2012 sheria mpya zikaifuta Sheria ya Ardhi za Serikali, mjukuu wa ile Sheria ya Taji. Ilizipa serikali za kaunti sehemu ya madaraka na fedha. Tena ilizipa mahakama nguvu ya kumwambia mkubwa hapana, na tarehe 1 Septemba 2017 Mahakama ya Juu iliufuta uchaguzi wa rais na kuamuru urudiwe. Zamani za Gavana hapana mtu aliyeota jambo kama hilo.

Na Kibera? Mwezi wa Juni mwaka 2017 Rais Uhuru Kenyatta aliwakabidhi Wanubi hati ya ardhi ya jumuiya, eka 288. Tangu tume ya Carter ilipotaja wajibu wa Serikali ilikuwa imepita miaka 83. Na katika zile eka zaidi ya 4,000 zilizotangazwa mwaka 1918, hiyo si hata sehemu moja ya kumi. Wengine walifurahi kwa machozi, maana hati ni hati. Lakini maelfu ya wapangaji wa Kibera hawamo katika hati hiyo, na daftari lao bado halijafunguliwa.

Tumejifunza nini, basi? Tumeona mfalme aliye mbali ambaye jina lake lilitosha kumfanya mtu mpangaji katika kaburi la babu yake. Tumeona Rais wa heshima aliyevunjika kati ya viapo viwili, na Rais wa kazi aliyerithi kalamu ya Gavana. Cheo hakikutosha kutuambia kama utawala ni mwema. Zipo falme ambazo raia wake hulala salama, na zipo jamhuri ambazo raia wake hulala macho wazi.

Kwa hiyo, utakaposoma habari za mtawala yeyote, wa kale au wa leo, usiishie kuuliza jina lake na mwaka alioapishwa. Uliza mambo matatu. Anaweza kufanya nini bila ya kumwuliza mtu? Nani aweza kumzuia, na kwa sheria gani? Na uwezo wake unapofika kwa mtu wa chini kabisa, unafika kama amri ya mdomo au kama haki iliyoandikwa? Maswali hayo yampasa raia, hata kama hajapata kuiona ikulu. Wewe utakayepiga kura baada ya miaka michache, anza kuyauliza ukiwa darasani, kwa sababu wazee wa Laini Saba waliyauliza wakiwa wamekwisha kujenga.